Viazi vya Mwalimu

Juzijuzi nilizunguka soko la Kawe kutoka mwanzo hadi mwisho nikitafuta kivumbasi, na nilichoambulia ni kuchekwa. Mama wa kwanza alinipa kotimiri na kuapa kwamba ndicho hichohicho. Wa pili alinipa mrehani. Wa tatu, aliyekaa nyuma ya mafungu ya mchicha, alinitazama kuanzia viatu hadi nywele, akaniuliza, "Sista, mbu wamekushinda? Si ununue tu ile ya kupuliza?" Nikamwambia sina shida na mbu, nataka kupikia viazi vitamu. Akamgeukia mwenzake na kusema bila kujali kama namsikia, "Haya, leo tumeona. Kivumbasi kinaliwa." Wakacheka mpaka wakashikana mabega.

Mwishowe nilikipata mwenyewe, kimejiotea kando ya ukuta nyuma ya gereji. Nikachuma matawi mawili, nikafikicha jani moja kiganjani, nikanusa. Rafiki yangu, sitakudanganya kwamba nilijisikia raha. Watu wakinusa kitu cha utotoni hutabasamu. Mimi nilipandwa na hasira palepale, na matawi yangu mkononi, mafundi wa gereji wakinishangaa.

Yote hayo yaliletwa na simu. Binti wa Mwalimu alinipigia kutoka Mbagala, akaniambia mama yake hali vizuri siku hizi, kila anachopikiwa anakisukuma pembeni. "Ila wewe anakutaja sana," akasema. "Anasema anatamani vile viazi vya bibi yako. Anasema tangu bibi yako afariki hajala kiazi kitamu kama vile." Nikamjibu, sawa dada, Jumamosi nitakuja navyo.

Ili unielewe, inabidi nikurudishe Mbagala ya wakati huo, kabla nyumba hazijabanana kiasi kwamba jirani akikohoa wewe ndiye unayepaliwa. Mtaa wetu ulikuwa wa mchanga mweupe, na minazi ilikuwa bado mingi. Bibi, mama yake mama yangu, alikuwa amekuja mjini kutoka Rufiji akiwa bibi harusi, na ingawa alikaa Dar es Salaam maisha yake yote hakuacha kupika kama mtu aliyeondoka kwao jana. Mimi niliachwa kwake nikiwa na miaka mitano, mama alipopata kazi mkoani. Tulikuwa wawili, yeye na mimi, na jogoo mmoja mkorofi, na kuku jike ambaye kila mwaka alitotoa na kila mwaka alihamia uani kwa watu.

Uani kulikuwa na kichaka cha kivumbasi kilichonifika kifuani. Jioni Bibi alikata matawi ya kufukuzia mbu kama wenzake wote, lakini yale majani machanga ya juu alikuwa hayagusi. Hayo yalikuwa ya viazi. Nimezunguka sana tangu hapo, nimekula kwa watu wa kila aina, na sijakutana na mwingine anayepika hivyo. Nilipomuuliza nani alimfundisha, alijibu, "Njaa." Akacheka peke yake.

Alichagua viazi vya wastani, vile vyekundu nje na vyeupe ndani, akaviosha bila kuvimenya. Kila kimoja alikipasua kwa urefu bila kukiachanisha, akakijaza kitunguu saumu kilichotwangwa na chumvi, pilipili mbichi kidogo na majani ya kivumbasi aliyoyachanachana kwa vidole. Kisu alikikataa, alisema kinayatia uchungu. Hapo ndipo nilipoingia mimi. Kazi yangu ilikuwa kubabua majani ya mgomba juu ya moto mpaka yalainike yasipasuke, na kukusanya vifuu vya nazi mtaa mzima, maana mkaa Bibi hakuuamini kwa viazi. Alisema mkaa una haraka. Vifuu vilipokwisha kuwaka na kubaki majivu mekundu, aliyafukua, akavilaza viazi vimefungwa kwenye majani, akavifukia. Halafu tulikaa. Alikuwa akisikiliza, nakuambia kweli, akisikiliza majivu, na ghafla angesema "haya" na kuanza kufukua, na havikuwahi kuwa vibichi hata siku moja.

Jani la kuchomea lilikuwa limeungua, hilo tulilitupa. Viazi vilipasuliwa tena palepale pa mwanzo, moshi wa vitunguu ukitoka, na Bibi akamimina ndani tui zito na matone ya ndimu, juu akaongeza kivumbasi kibichi. Tui lilikuwa likifyonzwa huku unaliona. Kisha vikafungwa tena, viwili viwili, kwenye jani jipya, ili viendelee kulewa tui mpaka vifike kwa mlaji.

Na lile fundo. Bibi alifungia kamba ya ganda kavu la mgomba, na fundo lake lilikuwa na mikia miwili, mmoja mrefu na mmoja mfupi. Mkia mrefu ukiuvuta, fundo linakaza. Mkia mfupi ukiuvuta kidogo tu, kifurushi chote kinafunguka mapajani mwako. Alinifundisha nikiwa na miaka saba, na baada ya mwezi mmoja nilikuwa nafunga vizuri kuliko yeye, akaniachia kazi hiyo moja kwa moja. Niliwahi kumuuliza, asiyejua je? Akasema, "Atahangaika siku ya kwanza. Siku ya pili hahangaiki mtu."

Mwalimu alihamia nyumba ya pili kutoka kwetu nilipokuwa darasa la nne. Alitoka bara, mrefu, msafi mpaka kwenye kisigino, na mkoba wake ulinukia chaki na sabuni. Alinifundisha darasani asubuhi, na jioni aliniita barazani kwake akanifundisha tena, bure, kwa sababu aliona kichwa changu kinashika. Nilimpenda Mwalimu. Niliiga anavyotembea. Niliiga mpaka anavyokunja leso. Alituambia kila siku kwamba mtoto anayesema uongo anajiibia mwenyewe, na mimi nililala nikiyarudia maneno hayo.

Bibi hakujua kusoma, na kitendo cha Mwalimu kukaa na mjukuu wake jioni nzima kilimnyima usingizi kwa shukrani. Hakuwa na cha kumpa isipokuwa alichokijua. Basi kila Jumamosi alasiri vilitoka vifurushi vitatu, juu ya sahani yetu ya bati yenye maua ya bluu, na mimi ndiye niliyevibeba. "Shikamoo Mwalimu. Bibi kasema karibu chakula." Mwalimu alivipokea kwa mikono miwili, akavinusa, akafumba macho. "Marahaba. Mwambie Bibi ananinenepesha huyu!" Sahani kwetu hairudi tupu, na yeye alilijua hilo haraka, alirudisha karanga, kipande cha sabuni, mara nyingine penseli mbili zangu. Nilipofika nyumbani, Bibi alikuwa ameshajifuta mikono na kukaa mkao wa kusubiri.

"Kasemaje Mwalimu?"

"Kasema vitamu."

Hapo Bibi aliangalia pembeni ili nisione anavyofurahi, kana kwamba mimi ni kipofu. Jumatatu moja Mwalimu alitusimulia darasani kwamba kuna bibi mmoja mtaani kwake anachoma viazi ambavyo hata hotelini huvipati, na wenzangu wote wakanigeukia. Nilipomsimulia Bibi aliniagiza nirudie, halafu nirudie tena mbele ya jirani aliyekuja kuomba chumvi.

Sasa yule kuku. Nilikuwa darasa la sita, siku ya Jumapili, akavuka na vifaranga vyake mpaka uani kwa Mwalimu, nikatumwa kumrudisha. Nilimkuta nyuma ya nyumba, kwenye shimo la taka, anaparua kwa nguvu zote na vifaranga vinapiga kelele za shibe. Nikainama kumshika. Alichokuwa anakiparua kilikuwa jani la mgomba. Ndani yake mlikuwa na kiazi cheupe, kizima, kimelowa tui.

Pembeni yake kulikuwa na vifurushi vingine viwili ambavyo kuku alikuwa bado hajavifikia. Vilikuwa vimefungwa. Mkia mrefu, mkia mfupi. Mafundo yale niliyafunga mimi jana yake, nilikumbuka mpaka kamba moja iliyonisumbua kwa kuwa na ufa. Nikasukuma majani kwa kijiti. Chini yake kulikuwa na vingine, vimeshaanza kuoza, navyo vimefungwa. Sikuchimba zaidi. Sikutaka.

Dada wa kazi wa Mwalimu alitokea na ndoo, akanikuta nimechuchumaa. Alikuwa mwema yule dada, na nadhani ndiyo maana hakutafuta uongo wa kuniambia.

"Usimwambie bibi yako, ataumia bure," alisema. "Mwalimu anaogopa tu. Nyie watu wa Pwani, na bibi yako wa Rufiji tena... Si unajua watu wanavyosema. Na hayo majani si ndo wanafukizia mashetani? Mie mwenyewe ningekula, lakini kanikataza."

"Hajawahi kula?"

Akatazama ndoo yake. "Mie nimekuja mwaka huu," akasema. "Ya nyuma siyajui."

Nikamkamata kuku, nikarudi nyumbani. Na hapa ndipo ninapoomba usinihurumie upesi, kwa sababu sikusema neno. Nilikuwa na sababu nzuri ya kumwonea huruma Bibi, na nilikuwa na sababu nyingine ambayo si nzuri: mwaka uliofuata ulikuwa wa mtihani wa darasa la saba, na hapakuwa na mtu mwingine Mbagala nzima wa kunifundisha bure. Nikapima, mtoto wa miaka kumi na miwili, nikapima kama mtu mzima. Jumamosi iliyofuata nikababua majani, nikafunga mafundo, nikabeba sahani. Mwalimu akanusa, akafumba macho. Nilimwangalia anavyofumba macho. Yeye aliyetufundisha uongo ni wizi. Nikarudi, na Bibi amekaa mkao wake.

"Kasemaje Mwalimu?"

"Kasema vitamu."

Nilisema hivyo kila Jumamosi kwa zaidi ya mwaka mmoja. Jumamosi nyingine niliikaza kamba kwa hasira mpaka ikakatika, Bibi akasema nimeanza kuwa mvivu. Nilifaulu mtihani. Mwalimu alinikumbatia mbele ya shule nzima na nikalia, na watu wote walidhani nalia kwa furaha.

Nilichobakiza cha kujifariji kilikuwa ni yale maneno ya dada wa kazi, ya nyuma siyajui. Nilijenga nyumba nzima juu yake. Labda mwanzoni alikula. Labda alikula miaka yote ya darasa la nne na la tano, mpaka shoga yake fulani alipomtia hofu. Labda zile sifa za darasani zilikuwa za kweli, alizisema akiwa bado ana ladha mdomoni. Hata kifurushi kimoja. Nilikuwa tayari kumsamehe kwa kifurushi kimoja.

Bibi aliugua nikiwa sekondari. Mwalimu alikuja kumwangalia, akakaa kwenye mkeka, akamshika mkono. Mbele ya majirani wote akasema, "Bibi, upone bwana. Ukiondoka nani atanichomea viazi mie?" Bibi hakuwa na nguvu ya kugeuka, lakini alicheka. Baadaye, tulipobaki wawili, aliniambia kwa sauti ndogo kwamba majani machanga yapo, vifuu vipo chini ya uchaga, nisimwache Mwalimu na hamu. Nikamwambia nitafanya. Sikufanya. Alizikwa akiamini kwamba duniani alikuwa na mtu mmoja msomi aliyependa mkono wake.

Basi, Jumamosi hii iliyopita nilipika. Vifuu nilivipata kwa muuza madafu na nazi, jani la mgomba nikalinunua kama vile ni kitambaa, na majirani zangu wa Kawe wakachungulia kuona moshi unatoka wapi kwenye nyumba yenye jiko la gesi. Nilifunga vifurushi vitatu. Vidole vilikumbuka vyenyewe. Nitakuwa mkweli kwako, sikwenda kwa wema mtupu. Nilitaka kumwona anafungua.

Mtaa wetu sikuutambua. Minazi haipo. Nyumba ya Bibi iliuzwa zamani na pale penye kichaka cha kivumbasi kuna ukuta, na juu ya ukuta vipande vya chupa. Shimo la taka la Mwalimu limekuwa vyumba vitatu vya wapangaji. Yeye mwenyewe nilimkuta sebuleni kwenye kiti, amepungua mno, lakini kisigino bado kisafi.

"Shikamoo Mwalimu."

"Marahaba mwanangu. Umekuja navyo?" Akacheka. "Maana harufu imekutangulia. Mwaka mzima namwambia huyu binti yangu, hajui, hakuwahi kula viazi vya yule bibi. Mie nimevila miaka!"

Binti yake akatabasamu kwa subira, kama mtu aliyeisikia hadithi hiyo mara nyingi. Nilipomtazama Mwalimu machoni sikuona aibu wala wasiwasi. Alikuwa anaamini. Alikuwa ameisema hadithi ile mara nyingi mpaka ikawa imemtokea. Nikaweka sahani kwenye meza ndogo mbele yake, nikakaa.

Alichukua kifurushi cha juu, akakinusa, akafumba macho. Halafu akavuta mkia mrefu.

Kamba ikakaza. Akavuta tena. Akakigeuza kifurushi chini juu, akatafuta pengine pa kuanzia, kucha zake zikakwaruza jani. Mkia mfupi ulikuwa umelala pale juu ya kidole gumba chake, na hakuuona. "Mmefunga kama mnasafirisha," akasema. "Niletee kisu, mama." Binti akaleta kisu.

Sikusogea. Bado nilikuwa najisemea, ni mzee, miaka mingi, watu husahau fundo. Akakata kamba, akafunua jani, akabandua kipande kwa vidole viwili, akakitia mdomoni. Akatafuna polepole. Akachukua kingine, kikubwa zaidi, na tui likamchuruzika mpaka kwenye kiganja. Akalitazama. Uso wake wote ukafunguka.

"Kumbe vitamu hivi!" akasema. "Kumbe mnatiaga na tui!"

Binti yake aliinua kichwa. Mwalimu naye akaacha kutafuna. Nadhani alijisikia, maana alikuwa mwalimu, na sikio la kusahihisha haliondoki. Kiganja kilibaki hewani, tui likidondoka kwenye kanga yake. Maneno yangu yote niliyoyatunza tangu siku ya kuku yalikuja mpaka kwenye meno, na nilipotaka kuyatoa nikaona yamebaki machache sana.

"Ndiyo, Mwalimu," nikasema. "Tangu siku ya kwanza."

Mwalimu akainamisha macho kwenye jani. Lakini hakukisukuma pembeni. Aliendelea kula, kwa adabu, akakimaliza chote, akachukua cha pili. Safari hii aliushika mkia mfupi.

Sikuweza kukaa nione cha tatu. Niliaga, nikakiacha mezani, nikakataa machungwa ambayo binti alitaka kuyaweka kwenye sahani, nikaondoka na sahani yangu tupu, haijaoshwa. Najua wengine mtasema nimekuwa na roho ngumu, mgonjwa yule, mwalimu aliyenifikisha hapa nilipo. Ni kweli kanifikisha. Na ni kweli alikula imani ya bibi yangu kila Jumamosi badala ya viazi vyake, nami nikamsaidia kubeba sahani. Bado nina hasira naye. Bado nina hasira na yule mtoto wa darasa la sita.

Usiku sikupika kitu. Niliiosha sahani, nikaifuta, nikakaa jikoni. Nilikuwa nasubiri swali. Nilikuwa nimetoka kwa Mwalimu na sahani, kama zamani, na hapakuwa na mtu aliyekaa mkao wa kusubiri, amejifuta mikono, anataka kujua kasemaje. Angekuwepo leo, ningemjibu yaleyale niliyomjibu kila Jumamosi, na kwa mara ya kwanza ningekuwa nasema kweli.

Kasema vitamu, Bibi.